Kahawa ya Mzee

Mama yangu hakuwahi kusema "kahawa yangu". Alisema kahawa ya mzee, mibuni ya mzee, shamba la mzee, na huyo mzee, baba yangu, tulikuwa tumeshamzika nyuma ya migomba tangu mwaka ule nilipopata kazi Tunduma. Kwetu Ihanda hakuna aliyeshangaa. Wajane wengi wa kule waliishi hivyo. Walipalilia wenyewe, wakapogolea, wakachuma, wakakoboa na kuanika, kisha wakapeleka magunia kwenye ghala la chama cha ushirika, na kahawa ikapokelewa kwa jina na namba ya mwanachama aliyekwisha kufa.

Siku ya mzani karani aliita jina la baba kwa sauti ya kusikika ghala zima, na mama akaitika, "Yupo." Akasogea, gunia likapimwa, akabonyeza dole gumba kwenye kitabu. Karani alikuwa jirani yetu. Alikuwepo msibani, alibeba jeneza, na bado kila msimu alimwambia mama, "Mzee mwaka huu amejitahidi." Mama alijibu, "Amejitahidi kweli," na wote wawili wakaendelea na kazi.

Mimi jambo hili lilinikera. Kazi yangu ni karatasi. Niko kwenye ofisi ya uwakala wa forodha, pale mpakani, na kutwa nzima najaza fomu za malori yanayotoka Zambia na shaba au yanayokwenda huko na mafuta. Tarakimu moja ikikosewa, lori linalala foleni siku tatu na dereva anakuja dirishani kunitukana mara kwa Kibemba, mara kwa Kiingereza. Kwa hiyo nilijiona najua. Kila nilipokwenda nyumbani nilimwambia mama, "Nenda kabadilishe jina. Uandikwe wewe."

"Nitakwenda," alisema. Mwaka uliofuata alisema vilevile. Siku moja nilipozidi kumbana aliniuliza, "Jina la baba yako linakuuma wapi?" Moyoni nilisema huyu mama ni mjinga. Naandika hivyo kwa sababu ndivyo nilivyofikiri.

Chama chetu kililipa mara mbili. Ukipeleka kahawa unapata malipo ya awali, ya sabuni na chumvi na kuwalipa vibarua waliokusaidia kuchuma. Kahawa ikishauzwa mnadani yanakuja malipo ya pili, na hayo ndiyo mkulima anayoyangojea. Msimu ninaousema, malipo ya pili hayakuja. Viongozi walituita wakatuambia kwamba chama kilikopa mbolea kwa niaba ya wanachama, kwamba wapo waliochukua mbolea na hawakulipa, na kwa hiyo fedha za wote zimezuiwa mpaka deni liishe. Mama hakuwahi kuchukua hata mfuko mmoja. Mibuni yake ilikula samadi ya ng'ombe wake wawili.

Fedha ile ilikuwa na kazi. Mibuni ya baba ilikuwa imechoka, mingine ugonjwa umeimaliza, matawi yakauka kutoka juu kwenda chini. Mama alikuwa ameahidiwa miche ya aina mpya, ile inayostahimili magonjwa, na alikuwa ameshachimba mashimo peke yake, mstari kwa mstari, kwa mgongo unaouma. Alingoja malipo ya pili anunue miche kabla ya mvua. Mvua ilikuja, mashimo yakajaa maji, na sisi bado tunaambiwa tuwe na subira.

Tulipeleka lalamiko ofisi ya juu, ile inayosimamia vyama vya ushirika. Ofisi ile ilisikiliza upande wa chama, ikatuandikia barua ya ukurasa mmoja kwamba chama kimefuata taratibu. Hapo ndipo mwalimu mmoja mstaafu wa pale kijijini, ambaye naye alikuwa anadai, alipopanda gari akanifuata Tunduma. Alikaa kwenye benchi la wateja, kofia mapajani, akasubiri mpaka nimalize lori la mwisho.

"Mwanangu," alisema, "tunakwenda Mahakama Kuu Mbeya kuomba uamuzi ule upitiwe upya. Wakili tumempata, tumechanga. Tunachokosa ni mtu wa kutuandalia orodha ya wanaodai. Wewe una kompyuta na una akili ya karatasi."

Nilifurahi kuambiwa nina akili ya karatasi. Nilipewa nakala ya daftari la chama na kwa wiki mbili nilibaki ofisini baada ya kazi nikichapa majina. Nilipofika kwenye jina la baba nilisimama. Nilijua. Nilijua pia kuwa juu yake na chini yake kulikuwa na wazee wengine waliokwisha kuzikwa, kwa sababu kwenye mazishi yao nilikula mimi mwenyewe. Lakini kwenye kazi yangu hakuna dhambi kubwa kuliko karatasi mbili kutolingana. Daftari la chama lilisema baba, na mimi nikachapa baba. Nilihakiki mara tatu. Orodha yangu na daftari lao vililingana neno kwa neno, na nililala vizuri.

Siku ya kusikilizwa tulikutana Vwawa alfajiri, tukapanda basi kwenda Mbeya. Watu walikuwa wamevaa nguo za kanisani. Mama alivaa kitenge chake kizuri na viatu vilivyombana, na kadi ya uanachama ya baba aliifunga kwenye kitambaa akaificha kifuani. Nilimwambia kadi haitahitajika leo, leo wanaongea mawakili tu. Akasema itamsindikiza.

Wakili wa chama alikuwa kijana mwenye adabu. Hakupaza sauti. Alizungumza muda mrefu juu ya masharti ya chama, juu ya deni, nami nikaona mambo yetu siyo mabaya. Halafu akachukua orodha yangu. Ile yenyewe, nikaitambua kwa jinsi nilivyopanga mistari. Akasema anaomba kuieleza mahakama kwamba baadhi ya waombaji walioletwa mbele yake hawawezi kuwa na malalamiko yoyote, kwa sababu wako makaburini. Akaanza kusoma majina. Alisoma taratibu, na baada ya kila jina alitulia kidogo. Nyuma yetu mtu akacheka, kisha wengine. Likafika la baba.

Mama alinivuta mkono. Kiswahili cha mahakamani kilikuwa kinampita. "Wamemtaja mzee?"

"Wamemtaja."

"Wamesemaje?"

"Wamesema hayupo."

Alitazama mikono yake. Tulipovuka Mlowo tukirudi alisema tu kwamba viatu vimemchubua.

Uamuzi ulitoka miezi kadhaa baadaye, na tulishinda. Nataka hilo lieleweke, kwa kuwa watu wakinisikia huwa wanadhani nailaumu mahakama. Jaji alisema chama hakikuwa na mamlaka ya kuzuia fedha za mtu asiyedaiwa, na ofisi ile ya juu haikupaswa kuamua bila kutusikia. Uamuzi wao ukatupwa. Kuhusu marehemu alisema haki ya mtu haifi naye, lakini atakayeipokea lazima ajulikane. Kwa hiyo fedha zilipwe, baada ya kila jina kuhakikiwa. Mwalimu mstaafu alinipigia simu akilia. Mimi nilinunua soda nikawagawia wenzangu ofisini.

Wakili wetu ndiye aliyenituliza. Alinieleza kwamba wajane wana njia mbili. Mjane anaweza kusema mbele ya mhakiki kwamba kahawa ile aliilima yeye, aliipeleka yeye, alama ya dole gumba ni yake, na kadi ya mume aliitumia tu. Majirani wakithibitisha, analipwa. Au anaweza kusema kahawa ni ya marehemu, na hapo suala linakuwa la mirathi, linakwenda mahakama ya mwanzo. "Ya kwanza ni fupi," alisema. "Mwambie mama achague ya kwanza."

Nilimwambia kwa simu, huku honi za malori zinapiga nje na dereva mmoja ananigongea kioo. "Mama, wakikuuliza kahawa ni ya nani, sema ni yangu. Umesikia? Sema yangu."

"Sawa," alisema.

Nilipaswa kwenda kukaa naye, nimpikie chai, nimweleze pole pole kwa lugha yetu ya Kinyiha kwa nini neno hilo ni zito na linafungua nini. Sikwenda. Nilijua ana tabia ya kuitikia sawa akitaka mtu anyamaze, na bado sikwenda. Nilifika siku yenyewe ya uhakiki, saa nne asubuhi, nimechelewa.

Meza iliwekwa mle ghalani. Mhakiki alikuwa mama wa makamo mwenye miwani, mpole, ana orodha yangu mbele yake. Kwenye mabenchi walikaa wakulima wakisubiri zamu, na nyuma ya mama kabisa, goti karibu limguse mgongo, alikaa baba mdogo, mdogo wake marehemu baba, aliyekuwa na madai yake mwenyewe. Nilipomwona pale nilijisikia vibaya, lakini sikujua kwa nini.

Mhakiki aliita jina la baba.

"Yupo," mama aliitika. Ilimtoka yenyewe. Hakuna aliyecheka safari hii.

Mhakiki akavua miwani. "Mama, hii kahawa ni ya nani?"

Mama akafungua kitambaa, akaitoa kadi, akaiweka mezani akiielekeza vizuri ili isomeke. Nilimwona anavuta pumzi. Nilijua anatafuta lile neno nililomtuma, na nilijua pia shemeji yake yuko nyuma anasikia. Huyo ndiye aliyemzika baba, ndiye aliyenunua jeneza. Mwanamke wa kwetu aseme mbele ya ndugu wa mumewe kwamba mali iliyokuwa ya mume sasa ni yake, ni kama kumvua marehemu nguo hadharani. Mimi nimekaa mpakani miaka mingi, nilikuwa nimesahau.

"Ya mzee," mama alisema.

"Na mzee mwenyewe yuko wapi?"

Mama akanyamaza. Mhakiki hakumharakisha, na sasa naamini kama angeachwa angepata namna ya kujibu, maana wajane wengine waliomfuata walipata. Mmoja alisema, "Huyo mzee, mimi ndiye ninayemlimia," akaandikwa, akalipwa.

Lakini mimi nina mdomo. Nilikuwa nimesimama tangu Vwawa kwenye gari lililojaa, nimekatwa mshahara wa siku, na nikamwona mama yangu anaitupa kesi yote kwa ukaidi. Nilisogea mezani nikapiga kiganja juu ya kadi. "Alikufa!" nilisema. "Baba alikufa, kila mtu humu anajua. Andika marehemu, tuendelee."

Mhakiki aliandika. Marehemu. Akapiga mstari, akaandika pembeni kwamba walete msimamizi wa mirathi. Mama aliichukua kadi akaifunga tena kitambaani, na alipoinuka alinipita kana kwamba mimi ni mmoja wa waliokaa foleni.

Mambo yaliyofuata yote yalikuwa halali. Ili upate msimamizi wa mirathi lazima ukoo ukae, umteue mtu, muhtasari upelekwe mahakama ya mwanzo. Ukoo ulikaa uani kwetu siku ya Jumamosi. Mama aliwapikia wali na kuku, akakaa kwenye mkeka na wanawake wengine. Walimteua baba mdogo. Muhtasari niliuandika mimi, maana nina mwandiko mzuri, na walinisifu.

Mahakamani palikuwa na fomu ya kujaza mali aliyoacha marehemu. Baba mdogo alitaja fedha za kahawa zilizoko chama cha ushirika. Karani wa mahakama akauliza kahawa hiyo ilitoka wapi. Baba mdogo akasema ilitoka shambani. Karani akauliza shamba la nani, na baba mdogo akasema la marehemu. Hakudanganya na wala hakuwa na hila usoni, alijibu alichoulizwa. Karani akaandika shamba. Nilikuwepo, nikaona kalamu inavyokwenda, na ndipo nilipoelewa kile ambacho mama alikuwa amekielewa tangu tuliporudi kaburini siku ya mazishi.

Mama hakuwa mjinga. Kwa miaka yote ile, maadamu jina la baba liliitwa na mtu akaitika, baba hakuwa na mirathi. Hapakuwa na cha kugawa. Baba mdogo aliheshimu shamba la kaka yake, hakukanyaga hata mstari mmoja, kwa kuwa lilikuwa la kaka yake na shemeji alikuwa analitunza. Mimi ndiye niliyepiga meza nikasema alikufa. Nililisema kwa sauti, mbele ya mashahidi, na likaandikwa.

Nilitaka tukate rufaa. Nilimweleza mama kwamba mjane ana haki zake siku hizi, kwamba nitatafuta wakili, nitakopa. Alikuwa anachambua maharage. "Usinipeleke tena mahali pa kusoma majina," alisema, akaendelea kuchambua.

Baba mdogo aligawa. Watu walimsifu kwa alivyogawa, na kwa desturi yetu wala hakukosea. Alimwambia mama mbele ya wazee wa ukoo, "Shemeji, mimi sikufukuzi. Nyumba ni yako, jiko ni lako, bustani ya mboga ni yako mpaka Mungu akuchukue. Na hizi fedha za kahawa chukua zote, mimi sigusi hata senti." Shamba likabaki la ukoo, kwa kuwa baba aliacha binti tu, maana yake likawa mikononi mwake na wanawe. Vijana wale ni wachapakazi. Kabla ya mvua walikuwa wameshapanda miche mipya kwenye mashimo ya mama. Walishukuru kwamba yalichimbwa vizuri.

Msimu wa kuchuma ulipofika nilikwenda kumwona. Nilimkuta mlangoni amekaa kwenye kigoda, mikono mapajani. Kutoka shambani zilisikika sauti za wachumaji, wanatupia kahawa kwenye ndoo na kutaniana. Sikumbuki msimu hata mmoja wa maisha yangu ambao mama alikuwa amekaa wakati kahawa inachumwa. Hata mwaka baba alipokuwa kitandani alichuma.

Nilimuuliza kama anaumwa. Akasema haumwi. Nikamuuliza kwa nini asiende hata kusaidia, apitishe siku. Akasema aliomba, na vijana walimwambia, mama mkubwa pumzika, umefanya kazi vya kutosha. Walisema kwa heshima.

Nilishindwa kujizuia. Nililia nikamwomba msamaha, kwa ile siku ghalani, kwa orodha, kwa simu ile. Nilisema nilitaka apate haki yake tu. Aliniacha nilie mpaka nikamaliza. Kisha akaingia ndani, akatoka na bahasha ya fedha za chama, ile ile aliyokabidhiwa na ukoo, bado imefungwa. Hakuwa ameifungua.

"Mwanangu," alisema, "mimi nilikuwa na kahawa. Nilichokosa ni hela."

Akaniwekea bahasha mkononi, akanikunja vidole juu yake. Akaniambia niende nayo Tunduma nikafanyie jambo langu, yeye hana la kufanyia. Nilipaswa kukataa. Niliitia kwenye mkoba, nikasema asante, na nikaondoka kabla wachumaji hawajapita na magunia.